Kilwa, mji uliotajirika kwa dhahabu ya wengine

Mwanafunzi wa sekondari hapa Fataki akiulizwa habari za Karne za Kati, jibu analo tayari: mabwana wa ngome, wapanda farasi waliovaa chuma, watawa wanaonakili vitabu, makanisa yanayojengwa kwa miaka mia. Jibu hilo ni sahihi, ila ni nusu. Katika miaka hiyohiyo, kwenye pwani kilikozaliwa Kiswahili tunachokisema, kulikuwa na mji wa mawe wenye sultani wake, sarafu zake, ushuru wake, mafundi wake na wanazuoni wake. Mji huo ni Kilwa, katika kisiwa kidogo kusini mwa Tanzania ya leo. Utajiri wake ulitokana na kitu ambacho watu wa teritwari ya Djugu hawahitaji kuelezwa: dhahabu.

Tofauti iko hapa. Sisi tunaishi juu ya dhahabu; watu wa Kilwa hawakuwa na hata chembe moja katika ardhi yao. Walikaa njiani inakopita, na njia ikawalisha.

Mgeni wa mwaka 1331

Mwaka 1331 msafiri Ibn Battuta, mzaliwa wa Tangier huko Moroko, alishuka Kilwa akitokea Mogadishu na Mombasa. Alikuwa bado kijana, hajafikisha miaka 30, lakini alikuwa ameshaona Cairo, Damascus na Makka. Hata hivyo aliihesabu Kilwa miongoni mwa miji mizuri na iliyojengwa vizuri zaidi. Akawasifu watu wake kwa uchamungu, akaeleza kuwa wengi wao walikuwa weusi wenye chale usoni.

Sultani wa wakati huo aliitwa al-Hasan bin Sulaiman, na watu walimpa lakabu ya Abu al-Mawahib, yaani baba wa zawadi, kwa ukarimu wake. Ibn Battuta anasimulia kwamba siku moja baada ya sala ya Ijumaa, fukara mmoja kutoka Yemen alimsimamisha sultani njiani akamwomba nguo alizovaa. Sultani akarudi ndani, akabadilisha, akampa. Watu walipomsifu kwa kitendo hicho, akaongeza zawadi: watumwa kumi na mizigo miwili ya pembe za ndovu.

Kisa hiki husimuliwa mara nyingi kama sifa, nasi tukisome chote. Binadamu kumi walitolewa zawadi pamoja na pembe, na msimuliaji hakuona ajabu. Ibn Battuta huyohuyo anaeleza kuwa sultani alikuwa akipeleka vita bara na kurudi na mateka. Fahari ya Kilwa ilikuwa na watu chini yake. Sultani alipofariki, nduguye Daud akashika kiti, naye alikuwa wa tabia nyingine kabisa: ombaomba walipomjia aliwajibu kwamba mtoaji ameshakufa na hakuacha cha kutoa.

Upepo ndio ulioamua

Kwa nini Kilwa, na si kisiwa kingine? Jibu limo katika upepo. Kaskazi huvuma kuanzia mwishoni mwa mwaka hadi Machi, na ndiyo iliyosukuma majahazi kutoka Uarabuni, Uajemi na India kuja Afrika. Kusi ikianza, karibu mwezi wa Aprili, majahazi hurudi kwao. Nahodha aliyetoka Ghuba aliweza kufika Kilwa, kuuza, kununua na kugeuza ndani ya msimu mmoja. Akishuka kusini zaidi, upepo wa kumrudisha ungempita, naye angekaa mwaka mzima ugenini.

Lakini dhahabu ilikuwa kusini zaidi. Ilichimbwa katika nyanda za juu za Zimbabwe, ikashushwa hadi bandari ya Sofala, karibu na mji wa Beira wa leo nchini Msumbiji. Basi kati ya mnunuzi asiyeweza kushuka na bidhaa isiyoweza kupanda peke yake, palihitajika mtu wa katikati. Kilwa ikawa huyo. Vyombo vyake vilikwenda Sofala na nguo na shanga, vikarudi na dhahabu na pembe.

Mtu wa Ituri ataielewa haraka: Kilwa ilikuwa barieri kubwa kwenye barabara ya dhahabu. Lakini ilikuwa barieri yenye kanuni. Mreno Diogo de Alcáçova alimwandikia mfalme wake mwaka 1506 akieleza jinsi ushuru ulivyokuwa ukitozwa. Mfanyabiashara aliyefika Sofala alitoa nguo moja katika kila saba kwa ajili ya mfalme wa Kilwa. Aliporudi na dhahabu, alilipa Kilwa mithqali 50 (kipimo cha uzito wa dhahabu) katika kila 1,000. Ushuru ulikuwa mzito, na ule wa kuingizia bidhaa Kilwa kwenyewe ulikuwa mzito zaidi. Hata hivyo ulijulikana. Mtu aliweza kupiga hesabu kabla hajapakia mzigo.

Kilwa iligonga pia sarafu zake. Nyingi zilikuwa za shaba, ndogo, zenye jina la sultani upande mmoja na sifa za Mungu upande wa pili, kwa matumizi ya kila siku. Zimepatikana pia chache za dhahabu zenye jina la al-Hasan bin Sulaiman. Sarafu moja ya shaba ya sultani huyo iliokotwa katika magofu ya Great Zimbabwe, ushahidi kwamba bandari na machimbo vilijuana. Nyingine tano za Kilwa ziliokotwa mwaka 1944 katika visiwa vya Wessel, kaskazini mwa Australia, na hadi leo wataalamu wanabishana zilifikaje huko.

Nyumba za mawe, nyumba za udongo

Mji wenyewe ulijengwa kwa matumbawe. Matumbawe laini yalikatwa yakiwa bado mabichi kutoka baharini, yakachongwa mihrabu na vizingiti kabla hayajakauka na kuwa magumu. Mengine yalichomwa yakawa chokaa. Dari zilibebwa na boriti za mikoko, na kwa kuwa mti wa mkoko una urefu wake, vyumba vya matajiri vilikuwa virefu lakini vyembamba.

Msikiti Mkuu ulianzishwa mapema, kabla ya mwaka 1200, kisha al-Hasan bin Sulaiman akaupanua mara kadhaa ukubwa wake, kwa matao na kuba. Nje ya mji, juu ya mwamba unaotazama bahari, sultani huyo alijenga jumba la Husuni Kubwa. Lina vyumba zaidi ya 100, nyua kubwa, ghala za bidhaa na bwawa la kuogea lenye pembe nane. Lilihamwa kabla halijamalizika. Neville Chittick, aliyeongoza uchimbaji wa kiakiolojia Kilwa kuanzia miaka ya mwisho ya 1950, alikuta humo chupa ya kauri kutoka China ya enzi ya Yuan.

Lakini wakazi wengi hawakulala chini ya kuba. Walikaa katika nyumba za miti na udongo zilizoezekwa makuti, ambazo mvua imeshazifuta. Vilivyobaki ni vyombo vyao: vyungu vya kupikia, shanga za kombe, vipande vya udongo vilivyotobolewa katikati kwa ajili ya kusokotea uzi wa pamba. Walikula mtama, samaki, mchele na nazi. Mjerumani Hans Mayr, aliyefika na Wareno mwaka 1505, aliikadiria Kilwa kuwa na watu 4,000, na akaorodhesha siagi, asali, nta, machungwa, vitunguu na kondoo.

York wakati huohuo

Tuulinganishe mji huu na mmoja wa wale tunaosomeshwa. York, kaskazini mwa Uingereza, ulikuwa katika miaka hiyo mmoja wa miji mikubwa ya nchi yake. Mfalme Edward wa Tatu alifunga ndoa katika kanisa kuu la York mwezi Januari 1328, miaka mitatu kabla Ibn Battuta hajafika Kilwa. Kanisa hilo lilikuwa bado linajengwa, kama vile mafundi wa Kilwa walivyokuwa wakiinua kuba zao. York iliishi kwa sufu ya kondoo, ngozi na ufundi. Ilizungushiwa ukuta wa mawe unaosimama hadi leo. Mafundi wake walijipanga katika vyama vya kazi, waashi kwao, wachinjaji kwao. Mwaka 1349 tauni kuu iliyokuwa ikiifyeka Ulaya ikaingia humo, ikaua sehemu kubwa ya watu.

Ukiweka miji hii miwili bega kwa bega, huoni mwalimu na mwanafunzi. Unaona miji miwili ya biashara, kila mmoja na dini yake kuu, matajiri wake, maskini wake na maji yake ya kisima. Hata katika fedha Kilwa haikuwa nyuma: Uingereza ilianza kugonga sarafu za dhahabu kwa mfululizo mwaka 1344, baada ya kufa sultani ambaye dhahabu ya Kilwa ina jina lake. Tofauti kubwa ni kwamba York ilibaki na hati zake, zikasomwa na kufundishwa, na Kilwa ilivunjwa.

Waanzilishi walikuwa nani?

Kitabu cha kale cha historia ya Kilwa kinasema mji ulianzishwa na Ali bin al-Hasan, mwana wa mfalme wa Shiraz, aliyekinunua kisiwa kutoka kwa mtawala wa bara kwa nguo za kutosha kukizunguka. Wanahistoria wengine waliona hiyo ni ngano tu ya kujipatia ukoo. Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa vinasaba vya watu 80 waliozikwa katika miji ya kale ya pwani na maeneo jirani, Kilwa na Songo Mnara ikiwemo. Ulionyesha kwamba kuanzia takribani mwaka 1000 wanaume wenye asili ya Uajemi walizaa na wanawake Waafrika, na upande wa mama karibu wote ulikuwa wa Afrika.

Kwa hiyo ngano ilikuwa na ukweli ndani yake, lakini ilimsahau mama. Mji ulikuwa wa Kiafrika kwa kina mama zake na kwa lugha yake, na ulipokea wageni bila kuacha kuwa wenyewe.

Mizinga ya mwaka 1505

Mwaka 1502 Vasco da Gama alifika na merikebu za kivita, akamtishia mtawala wa Kilwa, Emir Ibrahim, hadi akatoa kodi ya dhahabu kwa mfalme wa Ureno. Dhahabu hiyo haikupotea. Ilifuliwa ikawa chombo cha kuonyeshea Ekaristi, kilichomalizika mwaka 1506 kwa kazi ya sonara Gil Vicente. Kinaitwa chombo cha Belém, na kipo katika Jumba la Makumbusho ya Sanaa ya Kale mjini Lisbon.

Julai 1505 Francisco de Almeida akaja na kundi kubwa zaidi. Wanajeshi wake waliuteka mji, wakaupora, wakajenga ngome, wakamweka mtawala wao. Mwaka huohuo Wareno waliweka ngome Sofala pia. Walidhani ukishika ncha mbili za kamba, kamba yote ni yako. Wafanyabiashara wakapita njia nyingine na dhahabu ikapungua. Wareno waliondoka Kilwa mwaka 1512, lakini biashara iliyokuwa imejengwa kwa karne tatu haikurudi ilivyokuwa. Karne ya 18 mji ulipofufuka, bidhaa yake kuu ilikuwa watu: mwaka 1776 sultani alitia sahihi mkataba na Mfaransa Morice wa kumpa watumwa 1,000 kila mwaka.

Yanatuhusu nini Ituri?

Kiswahili chetu kilifika huku katika karne ya 19, mabegani mwa wapagazi na mikononi mwa Wangwana wenye bunduki waliotokea pwani kupitia Ujiji na Nyangwe, wakitafuta pembe na watumwa. Tulipokea lugha pamoja na majeraha. Kuijua Kilwa ni kujua kwamba lugha hiyo haikuanza na misafara ile. Nyuma yake kuna miji iliyosoma, iliyojenga na kupatana bei na ulimwengu.

Na kuna somo la pili, linalouma zaidi. Tangu dhahabu ya Kilo ilipogunduliwa mwaka 1903, ardhi ya Djugu imetoa mali nyingi. Inachimbwa kwa mikono, inanunuliwa Mongbwalu na Bunia, inavuka Uganda, inafika Dubai. Kila mwenye bunduki ana barieri yake na bei yake, na bei ya jana si ya leo. Kilwa ilitoza ushuru mkali, ikajenga msikiti, jumba na bandari hapohapo ilipoutoza. Nasi tutaonyesha jengo gani? Tangu mwaka 1999 watu wa Fataki wamehama na kurudi, wamejenga na kubomolewa, huku dhahabu ikipita.

Lakini tusiifanye Kilwa kuwa pepo. Waliochimba dhahabu ile bara hawatajwi kwa jina katika kitabu chochote cha kale cha historia. Aliyetajwa ni sultani aliyeigawa. Wachimbaji wetu nao wako hatarini kusahaulika vivyo hivyo.

UNESCO iliandika magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara katika Urithi wa Dunia mwaka 1981, ikayaweka kwenye orodha ya hatari mwaka 2004, ikayatoa mwaka 2014 baada ya kuta kuimarishwa. Mawe hayo yanatunzwa. Linalobaki ni letu. Walimu wa historia wa Fataki, Djugu na Bunia, mnapofika sura ya Karne za Kati, fundisheni York na fundisheni Kilwa siku moja. Nanyi wakubwa wa jimbo, kabla ya kuongeza barieri nyingine barabarani, tuandikieni hadharani ushuru wa dhahabu ni kiasi gani na unajenga nini. Kilwa iliweza kuwa na ushuru uliojulikana bila kompyuta, zaidi ya miaka 500 iliyopita.