Je, Wajua? Mkuki wa Otenyo

Mzungu aliyechomwa mkuki Kisii Januari 1908 alikuja kuwa Gavana wa Hong Kong! Geoffrey Northcote, ambaye Abagusii walimwita Nyarigoti, alipona na kulitawala koloni hilo kuanzia 1937 hadi 1941.

Aliyemchoma ni Otenyo Nyamaterere wa Kitutu. Aliyemchochea Otenyo ni jamaa yake Moraa Ng'iti, mwanamke mtabiri na mganga.

Waingereza walichoma nyumba, wakatwaa ng'ombe. Otenyo akauawa. Ukoo wake unashikilia kuwa kichwa chake kilikatwa kikapelekwa Uingereza, nao unataka kirudishwe kizikwe nyumbani.

Kisa cha Otenyo na Moraa kinastahili filamu.