Jina la mutoto: maulizo matatu mbele ya kwenda etasivili



Siku hizi mimba ikifika miezi saba, kila mutu katika jamaa anafungua telefoni na kutafuta «jina nzuri na maana yake». Majibu yanakuja mingi: binti mufalme, mwangaza, shujaa. Ni wachache wanaouliza: nani alisema hivyo?

Na jambo si dogo. Kwetu Kongo, kufuatana na Sheria ya Familia ya mwaka 1987, jina likisha kuandikwa etasivili hauwezi kulibadilisha bila ruhusa ya tribunali. Mutoto atalibeba kwa masomo, kwa kazi, mupaka uzee. Basi tuulize mambo matatu.

Kwanza, ni ya lugha gani? Majina mawili yanaweza kuandikwa sawasawa na kuwa tofauti. Kamata Amani. Kwetu ni jina la wavulana na wasichana, na linasema amani kweli. Kiswahili kililitoa kwa neno la Kiarabu la usalama. Lakini Waarabu wako na jina la wasichana Amani lenye kutoka neno lingine, maana yake «matamanio». Yote mawili ni kweli, kila moja kwa lugha yake. Sasa ukisoma «jina la Kiafrika» bila kutajiwa lugha, ujue hawajakuambia kitu. Kongo peke yake iko na lugha zaidi ya 200.

Pili, limeanza mwaka gani? Wengi wanasema Vanessa ni Kigiriki, maana yake «kipepeo». Sisi wa agronomi tunamujua Vanessa cardui, kipepeo ambaye viwavi wake wanakula hata majani ya soya. Lakini angalia tarehe. Jina hilo lilitungwa na Jonathan Swift, mwandishi wa Irlandi, kwa ajili ya rafiki yake Esther Vanhomrigh: alikamata «Van» ya jina la jamaa, akaongeza «Essa» ya Esther. Shairi lake lilichapwa mwaka 1726. Vipepeo walipewa jina hilo na Fabricius wa Denmark mwaka 1807. Kwa hiyo kipepeo ndiye alifuata jina, si jina lilifuata kipepeo.

Tatu, wenye lugha wanalitumia namna gani? Kuna majina yenye kuonyesha nafasi ya mutoto kwa mama yake. Kwa Wanande, Kambale ni mutoto mwanaume wa pili, Kasereka wa tatu, Kakule wa ine. Ukimupa mutoto wako wa kwanza jina Kambale kwa sababu umesoma mahali kwamba ni «shujaa», kila Munande atakayemusalimia atauliza mukubwa wake iko wapi, ao atafikiri alikufa.

Hakuna ubaya kupenda jina juu ya sauti yake tu, ao kuunganisha majina ya baba na mama kama Swift alivyounganisha. Lakini siku mutoto atauliza «jina langu maana yake nini?», anapashwa kupata jibu la kweli. Basi mbele ya kuandikisha, pigia simu koko mumoja anayesema lugha ile, ao mwalimu anayeijua. Dakika tano tu, na krediti kidogo.