Je, Wajua? Baba Mkali wa Emil

Je, wajua kwamba Allan Edwall (1924–1997), mwigizaji wa Sweden, aliishi mioyoni mwa watu kwa nafasi alizoigiza? Watoto wa miaka ya 1970 walimjua katika filamu kama baba mkali anayemkimbiza mwanawe mtundu, Emil, hadi kwenye banda la mbao. Katika filamu *Fanny och Alexander* (1982) ya Ingmar Bergman, ndiye baba anayefariki mapema, kisha anarudi akiwa mzuka mpole aliyevaa suti nyeupe. Uso ule uliochoka ulisema mengi kuliko maneno! Alikuwa pia tarishi katika *Offret* (1986) ya Andrei Tarkovsky. Mwaka huohuo alifungua ukumbi wake mdogo wa maigizo, Brunnsgatan Fyra, jijini Stockholm.