Nyimbo za Watoto na Picha Hufundisha Lugha

Wazazi wengi wakiona watoto wanaimba na kupiga makofi uani, husema, "Acheni mchezo, kasomeni." Sisi tunaona mchezo huo nao ni shule.

Katika vijiji vingi vya Kigoma mtoto huanza shule akijua Kiha. Darasani mwalimu anasema Kiswahili, lugha ya kufundishia katika shule za msingi za serikali tangu mwaka 1967. Pale Ujiji shida si kubwa, maana Kiswahili kimezungumzwa huko tangu enzi za misafara. Lakini mtoto wa milimani, kule Kasulu au Buhigwe, anaweza kukaa kimya wiki nzima. Jamani, si mjinga. Maneno ndiyo hana.

Wimbo humpa maneno hayo bila kumtisha. Akikosea, wenzake wanaendelea, naye anadakia mbele. Tena wimbo hukata neno vipande vipande. Hebu pigeni makofi pamoja naye: da-ga-a, makofi matatu. M-tu-mbwi, matatu pia. Na "mtu" je? Wengi watapiga moja. Sikilizeni vizuri: m-tu, ni mawili. Mtoto aliyezoea kusikia vipande hivyo hapati taabu sana akikutana na ba, be, bi, bo, bu ubaoni.

Wimbo si lazima utoke kitabuni. Tunaweza kutunga wenyewe: "Taa iko wapi? Iko mtumbwini. Mtumbwi uko wapi? Uko ziwani." Hapo mtoto anajifunza "iko" na "uko", jambo linalowasumbua hata watu wazima.

Picha nazo zina kazi yake. Mwalimu Nyerere alitangaza 1970 kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima. Waliosoma kisomo miaka ile wanakumbuka kuwa masomo mengi yalianza kwa picha. Watu waliizungumzia kwanza, ndipo neno likaandikwa.

Kama hakuna kitabu, mchanga wa ufukweni upo. Choreni mtumbwi, taa na wavu kwa kijiti. Msiulize tu, "Hiki nini?" Atajibu "mtumbwi" na kunyamaza. Ulizeni, "Kwa nini wamewasha taa?" Mtoto wa mvuvi anajua kuwa dagaa hufuata mwanga usiku wa giza, na atataka kusimulia. Akikwama, aseme kwa Kiha, kisha mpeni neno la Kiswahili. Msimkataze Kiha, ndicho kinachombeba. Halafu andikeni neno moja chini ya picha, TAA, alisome kabla wimbi halijalifuta.