Matumizi ya Sasa na Matumizi ya Zamani: Usimbaji wa Historia ya Steroidi za Kuvuta katika Mfumo wa ICD-10-CM

Mgonjwa wa pumu aliyetumia fluticasone ya kuvuta kwa dozi kubwa kwa miaka kadhaa, kisha akaacha, anaweza kulazwa kwa ajili ya upasuaji wa kibofu cha nyongo huku orodha yake ya dawa ikiwa tupu. Hata hivyo, tezi zake za adrenali zinaweza kuwa bado hazijarejea katika uwezo wake wa kawaida wa kutoa kotisoli, homoni ambayo mwili huihitaji kwa wingi wakati wa jeraha, maambukizi au upasuaji. Mtaalamu wa nusukaputi asipojua kwamba dawa hiyo iliwahi kutumika, anaweza kukabiliana na shinikizo la damu linaloshuka pasipo sababu ya wazi. Kwa hiyo, suala la namna matumizi yaliyokwisha yanavyosajiliwa si la kiuhasibu tu, ingawa katika idara nyingi huangukia mikononi mwa watu wa malipo ya bima.

Mfumo unaojadiliwa hapa ni ICD-10-CM, yaani marekebisho ya kitabibu ya Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa yanayotumika Marekani tangu tarehe 1 Oktoba 2015. Katika mfumo huo, historia ya kutumia steroidi za kuvuta husimbwa kwa Z92.240. Msimbo huo umo katika sura ya Z, ambayo haihusu magonjwa yenyewe bali hali zinazoathiri afya ya mtu au sababu zinazomfikisha kwenye huduma. Z92 ni historia ya tiba aliyopata mgonjwa, Z92.2 ni historia ya tiba ya dawa; Z92.24 ni historia ya tiba ya steroidi. Msimbaji haruhusiwi kuishia hapo kwenye Z92.24, kwa sababu msimbo huo haujakamilika. Tarakimu ya sita ndiyo inayobainisha njia ya dawa: 0 kwa steroidi za kuvuta na 1 kwa steroidi zinazosambaa mwilini, kama vile vidonge vya prednisolone au sindano.

Upande wa pili uko Z79, inayohusu matumizi ya muda mrefu yanayoendelea. Z79.51 ni ya steroidi za kuvuta na Z79.52 ni ya steroidi zinazosambaa mwilini. Anayevuta budesonide kila asubuhi na jioni hupewa Z79.51, aliyeacha hupewa Z92.240. Tofauti hiyo ni nyepesi kuieleza, lakini jalada la mgonjwa ndilo huikoroga. Daktari huandika kwa mkato kwamba mgonjwa ana “historia ya steroidi”, na maneno hayo hayasemi kama dawa inaendelea wala iliingia mwilini kwa njia ipi. Miongozo ya usimbaji humtaka msimbaji ategemee maandishi ya mtoa huduma; si kazi yake kukisia kutokana na maagizo ya zamani ya duka la dawa. Anachopaswa kufanya ni kumwuliza daktari.

Pale ambapo hakuulizwa mtu, mfumo wenyewe una jibu, na jibu hilo linastahili kuangaliwa kwa makini na kila mtafiti. Historia ya steroidi isiyotajwa aina yake hupelekwa kwenye Z92.241, yaani kundi la steroidi zinazosambaa mwilini. Matokeo yake ni kwamba uzembe wa kuandika njia ya dawa hauzalishi pengo linaloonekana katika takwimu. Huzalisha mgonjwa wa kundi jingine. Anayehesabu Z92.240 katika hifadhidata ya bima atapata idadi pungufu, na anayehesabu Z92.241 atakuwa amechanganya waliomeza vidonge na baadhi ya waliovuta dawa. Kwa hali hiyo, kukosekana kwa Z92.240 katika rekodi hakuwezi kuchukuliwa kuwa ushahidi kwamba mgonjwa hakuwahi kuvuta steroidi.

Makundi ya Z79 na Z92.2 hayafukuzani. Dokezo lililo chini ya Z92.2 ni la aina ya pili ya utengaji, linaloruhusu misimbo miwili kutumika pamoja hali zote mbili zinapokuwapo. Mgonjwa aliyewahi kumeza prednisolone kwa muda mrefu na sasa anavuta budesonide anaweza kupewa Z92.241 pamoja na Z79.51, na hakuna ukinzani wowote. Aidha, Z79 haikusudiwi kwa dawa ya siku chache inayotibu ugonjwa wa ghafla.

Jambo jingine ni pale madhara yanapokuwa yamekwisha kutambuliwa. Ikiwa daktari amethibitisha kwamba tezi za adrenali zimeshindwa kufanya kazi kwa sababu ya dawa, Z92.240 haitoshi, kwa kuwa inasema tu kwamba tiba ilikuwapo. Husimbwa kwanza E27.3, upungufu wa gamba la adrenali unaosababishwa na dawa, kisha msimbo wa kundi la T38.0X5 unaotaja madhara ya glukokotikoidi iliyotumiwa ipasavyo. Vivyo hivyo kwa utando mweupe wa fangasi mdomoni, ambao ni wa kawaida kwa watumiaji wasiosukutua baada ya kuvuta dawa: B37.0 hutangulia.

Ikumbukwe pia kile ambacho Z92.240 haikisemi. Haitaji dawa, dozi, muda, wala tarehe ya kuacha. Mtu aliyevuta beclomethasone kidogo kwa miezi mitatu utotoni na mwingine aliyeacha fluticasone ya dozi kubwa mwezi uliopita hubeba msimbo uleule, ilhali hatari zao hazilingani hata kidogo. Sababu ya kuacha nayo haimo. Kwa mgonjwa mwenye ugonjwa sugu wa kuziba kwa njia za hewa, steroidi ya kuvuta huenda iliondolewa kwa sababu ya nimonia iliyojirudia, na hiyo ni taarifa ambayo daktari anayefuata angeihitaji kabla ya kuirudisha. Msimbo huu ni alama ya kumfanya msomaji afungue jalada. Akiufanya kuwa badala ya jalada, atapotea.

Tatizo la nyakati halikuanzia Marekani. Katika ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani, kichwa cha Z92.2 huweka pamoja historia ya mtu na matumizi ya muda mrefu yanayoendelea, hivi kwamba aliyeacha na anayeendelea huingia mahali pamoja. Kichwa hicho hakitafsiriki kwa Kiswahili bila mfasiri kuchagua, kwa kuwa kitenzi cha Kiswahili hudai njeo. “Anatumia” na “alitumia” hazikai katika umbo moja. Lakini Kiswahili nacho kina mtego wake: “ametumia steroidi za kuvuta” huweza kueleweka kuwa aliacha au kuwa bado anatumia. Ufafanuzi wa Z92.240 utakuwa salama zaidi ukitumia “aliwahi kutumia na ameacha”, na wa Z79.51 “anaendelea kutumia”.

Uchaguzi huo wa maneno una uzito hata pale ambapo jalada huandikwa kwa Kiingereza, kama ilivyo katika hospitali nyingi za Tanzania na Kenya, kwa sababu mahojiano na mgonjwa mara nyingi hufanyika kwa Kiswahili. Mgonjwa husema “nilikuwa natumia pampu”. Pampu hiyo inaweza kuwa salbutamol, ambayo si steroidi na haihusiani na misimbo iliyojadiliwa hapa, au beclomethasone, au vyote viwili kwa nyakati tofauti. Swali la kwanza kwa mhojaji, kabla ya njeo wala msimbo, ni pampu ipi, na kama ilikuwa ya kuvuta anapobanwa au ya kila siku hata asipobanwa.