NYANYA HAZINGOJI HUKUMU

Nyanya ni mali, lakini ni mali isiyokaa. Leo ni ngumu, baada ya siku chache inatoa maji. Kesi nayo huchukua muda. Huahirishwa leo, huahirishwa tena, na miezi hupita. Je, nyanya zikikamatwa kwa ajili ya kesi, zitangoja hukumu?

Tuseme wewe ni mkulima wa Mlali. Umekodi gari na kuleta matenga 30 ya nyanya sokoni Morogoro Mjini. Kabla hujashusha mzigo, mtu anafika na polisi. Anadai kwamba nyanya zimeibwa shambani kwake. Wewe unasema ni zako. Polisi wanazichukua ziwe kidhibiti. Matenga yanapangwa uani kituoni, juani. Nyanya zikioza hapo, hata ukishinda kesi utarudi nyumbani na matenga matupu.

Sheria imeliona jambo hili. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 inaipa mahakama uwezo wa kuamuru kitu kinachooza upesi kiuzwe, hata kama kesi haijaisha. Fedha zinazopatikana huwekwa na mahakama. Sasa fedha ndizo zinazongoja hukumu, si nyanya.

Sheria hii si ya nyanya tu. Ni ya ndizi za Matombo, kabichi za Mgeta, samaki, maziwa na nyama. Katika kesi za madai pia, watu wawili wakigombea mali inayooza, mahakama inaweza kuamuru iuzwe kwanza.

Ufanye nini?

1. Dai stakabadhi. Polisi akichukua mali yako katika upekuzi, anatakiwa kukupa hati ya kuikamata. Wewe unatia sahihi, na mashahidi wakiwapo nao wanatia sahihi. Isome kabla ya kutia sahihi. Kama imeandikwa matenga 20 na yalikuwa 30, sema papo hapo.

2. Sema mapema kwamba mali inaoza. Kanuni za Polisi zinataka kidhibiti kinachooza kipelekwe kwa hakimu pamoja na mshitakiwa. Inapowezekana, kipigwe picha kwanza. Hakimu akiisha kukiona na kuandika, ushahidi haupotei.

3. Zungumza mbele ya hakimu. Eleza idadi, hali ya mali na bei ya soko siku hiyo. Hakimu anaweza kukubali ombi au kulikataa, lakini una haki ya kusikilizwa. Mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ilitilia mkazo haki hiyo. Kesi ilihusu nyara za Serikali zilizokuwa zinaoza. Amri ya kuziondoa ilitolewa bila mshitakiwa kusikilizwa. Mahakama ilisema hati ya amri hiyo haikufaa kuwa ushahidi dhidi yake.

4. Andika katika daftari lako namba ya kesi, tarehe ya amri na kiasi cha fedha kilichopatikana.

5. Kesi ikiisha, dai fedha zako. Usikawie. Miezi 12 ikipita baada ya kesi au rufani kumalizika, fedha huingia katika mfuko wa Serikali.

Kumbuka jambo moja. Mali kuuzwa si kushinda kesi, wala si kushindwa. Mwenye mali atajulikana siku ya hukumu. Amri ya kuuza inazuia hasara tu.

Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Wewe sasa unajua kusoma na kuandika. Usitie sahihi karatasi usiyoisoma.

Maswali ya kujadili darasani

1. Kwa nini mahakama huuza mali kabla ya hukumu?
2. Stakabadhi ya polisi inakusaidia nini?
3. Katika kijiji chenu, ni mazao gani yasiyoweza kungoja kesi?