Ndege Chozi na Mwamba Uliozama

Asubuhi Diani, kabla jua halijakolea, chozi hutua kwenye ua jekundu kando ya baraza, akainamisha kichwa na kuuchomeka mdomo wake uliopinda mpaka ndani kabisa kwenye asali. Ni kandege kadogo mno. Jua likimpiga, kifua humetameta kama kanga mpya. Waingereza humwita sunbird, ndege wa jua, na jina hilo la Kiingereza ndilo lililobandikwa mwaka 2014 kwenye kisima kilichotobolewa katika bahari kuu ya kusini mwa Kenya: Sunbird-1. Sisi tunamwita kwa neno lile lile la tone linalotoka jichoni. Sidhani kama kuna aliyelifikiria hilo ofisini.

Katika kazi hii jina hutangulia kisima. Meli hupita baharini ikiburura nyaya za kilomita kadhaa zilizojaa vinasa sauti. Mitungi ya hewa iliyoshindiliwa hufyatua mishindo, sauti hupenya maji na matope ikagonga tabaka za mawe, kisha mwangwi hurudi. Wanajiolojia huusoma mwangwi huo miezi na miezi. Wakiona uvimbe unaoweza kuwa umefungia kitu, huupa jina ili waweze kubishana juu yake. Wakati huo hakuna ajuaye kama ndani mna mafuta, gesi au maji ya chumvi tu.

Ndiyo maana orodha ya visima vya bahari yetu ina utani ndani yake. Simba kilichimbwa 1978, simba wa majini. Wakaja Maridadi mwaka 1982 na Kofia mwaka 1985. Pomboo, mwaka 2007, angalau ni kiumbe wa bahari, lakini naye alitoka mtupu. Mbawa, kisima cha kampuni ya Apache, kilikuta gesi mwaka 2012, isiyotosha kuuzwa. Mwaka uliofuata Anadarko wakachimba Kubwa, na Kubwa hakikuleta kikubwa. Ng'ambo ya mpaka, Tanzania, majina yalipangwa kwa nidhamu zaidi: BG na Ophir walitumia viumbe wa baharini, Pweza, Chewa, Chaza, Jodari; Statoil wakafungua duka la viungo, Zafarani, Tangawizi, Mdalasini. BG hao hao walipovuka kuja Kenya wakaacha samaki wakashika ndege, tena kwa Kiingereza.

Na walichokilenga hakikuwa ndege wala samaki, ila mwamba wa matumbawe.

Mkazi wa Kwale hahitaji kuelezwa mwamba ni nini. Diani na Msambweni zimekaa juu yake. Msitu wa Kaya Kinondo umeota juu yake, mizizi ikipenya kwenye nyufa. Okota kipande cha jiwe hilo ufukweni ukitazame kwa karibu: kimejaa vitundu, vingine vina umbo la nyota, nyumba za viumbe wadogo waliokijenga. Kimwagie maji, kitayanywa. Jiwe hili lilijengwa na bahari zaidi ya miaka 100,000 iliyopita, ilipokuwa juu kwa mita kadhaa kuliko leo. Bahari ikashuka, mwamba ukabaki nchi kavu.

Mwamba wa Sunbird ulipatwa na kinyume chake. Ni wa enzi ya Miosini, iliyoanza miaka milioni 23 iliyopita na kwisha kama milioni 5 iliyopita. Matumbawe hulishwa na mwani mdogo mno unaoishi mwilini mwake na kuhitaji mwanga wa jua, kwa hiyo sakafu ya bahari ikididimia, matumbawe hayana budi kujenga kwenda juu, jiwe juu ya jiwe, kuufuata mwanga. Huu ulishindwa. Ukazama, ukafa, ukafunikwa na matope. Leo maji peke yake juu ya mahali hapo ni mita 723, na kilele cha mwamba kiko kiasi cha mita 1,580 chini ya usawa wa bahari.

Lakini vile vitundu havikuzibika vyote. Mafuta na gesi, vilivyopikwa na joto la ardhi chini zaidi, ni vyepesi kuliko maji, hivyo hupanda polepole ndani ya mawe mpaka vikwame. Matope mazito yakawa kifuniko, mwamba ukawa mtungi. Keekee ilipopenya ilikuta safu ya gesi ya mita 29.6, na chini yake mafuta, mita 14.

Mita 14 si nyingi. Ila tangu 2010 Tanzania na Msumbiji zilikuwa zikitangaza gesi, tena gesi tele, mpaka watu wakaanza kuuliza kama mawe ya bahari hii yaliwahi kuzaa mafuta hata kidogo. Pancontinental ya Australia, mmoja wa washirika wa kisima, ilitangaza kwamba hayo ndiyo mafuta ya kwanza kupatikana katika bahari ya Afrika Mashariki. Swali likajibiwa; biashara haikuwepo. Katikati ya 2014 pipa lilizidi dola 100, Januari 2015 likawa chini ya 50. Mwaka 2016 Shell ikainunua BG yote. Kampuni ya Eni walijaribu bahari hii mwishoni mwa 2021 kwa kisima cha Mlima, wakaondoka mikono mitupu.

Mvuvi wa Gazi au Msambweni huupa mwamba jina akishaujua: ameuvulia, nyavu zake zimekwama hapo, anajua changu hutoka mwezi gani. Ule wa Sunbird hana jina lake. Mshipi haufiki.